Chawa Hawaondoki kwa Povu

Sabuni haiui chawa. Nasuka nywele Kibokoni, ndani ya Mji wa Kale wa Mombasa, na kila Idi inapokaribia huletewa wasichana waliosuguliwa vichwa mpaka ngozi imechubuka, na chawa bado wamo. Mama mtu ameosha asubuhi, ameosha jioni, ametoka kwenye sabuni ya kipande akaingia kwenye ya unga, na maji yenyewe ni ya kununua, dumu kwa dumu, kwa mwenye mkokoteni. Mwisho wa yote jirani anamwambia kwamba mtoto wake hana usafi.

Maneno hayo huniudhi sana, maana si kweli na yanaumiza. Mama huyo ameosha kuliko mtu yeyote mtaani. Alichokosa ni wa kumweleza aoshe lini na aache lini. Duka la dawa limemuuzia chupa, mwalimu wa madrasa ameagiza mtoto anyolewe, na hakuna hata mmoja aliyemwambia kwamba dawa ya chawa hufaulu au hushindwa kutegemea kichwa kilivyooshwa kabla yake na baada yake.

Chawa wa kichwani hula damu, na damu imo katika kichwa kisafi sawa na katika kichwa kichafu. Haruki wala hapai. Hutambaa kutoka unywele hadi unywele vichwa vinapogusana, ndiyo maana huwapata zaidi wasichana wanaolala kitanda kimoja, wanaoinamia simu moja, wanaosukana barazani jioni. Ukimtia majini hufunga matundu yake ya pumzi, akaukamata unywele kwa kucha zake, akangoja. Anaweza kuzama saa kadhaa na akatoka hai. Mwaka 2016, huko Lachish nchini Israel, wachimbuzi wa mambo ya kale walifukua kitana kidogo cha pembe ya ndovu, na mwaka 2022 ikatangazwa kwamba kina maandishi ya Kikanaani ya miaka ipatayo 3,700 iliyopita: ombi kwamba kitana hicho kiwang'oe chawa wa nywele na wa ndevu. Mwenye kitana cha pembe hakuwa fukara, wala hakuwa mtu wa kukosa maji ya kuogea. Alikuwa na chawa tu, kama wanavyokuwa nao watu.

Tena mwasho huja kwa kuchelewa. Unatokana na mwili kuyakataa mate ya chawa, na kwa mtoto anayewapata mara ya kwanza unaweza kuchukua wiki nne hadi sita kuanza. Siku binti anapoonekana akijikuna, huenda chawa wamekaa kwake mwezi mzima. Kwa hiyo kwenda kumtafuta mwenzake aliyeketi naye jana na kumtangaza darasani ni kumdhulumu.

Kuna bibi mmoja aliniletea mjukuu wake, msichana wa nywele za kufika kiunoni, kichwa kimefungwa leso. Kabla sijaifungua leso nilishajua kilichomo kwa harufu. Nikamuuliza, "Bibi, haya si mafuta ya taa?" Akanijibu, "Ndiyo mwanangu, ndivyo tulivyofanyiwa sisi." Hatua chache kutoka pale jirani yangu alikuwa akikaanga mahamri kwenye jiko la makaa. Nilimvuta mtoto ndani haraka. Nilipomfungua, nyuma ya masikio ngozi ilikuwa imeungua, ina malengelenge, na alilia nilipomgusa kwa maji matupu. Bibi yule anampenda mjukuu wake na alifanya alichorithi. Lakini mafuta ya taa yanaunguza ngozi, moshi wake unaingia kifuani, na cheche moja inatosha kumwasha mtoto. Dawa ya mbu ya kupuliza na dawa ya wadudu wa shambani nazo zisikaribie kichwa cha mtu.

Sasa nieleze kuosha kwenyewe. Dawa iliyozoeleka kwa kazi hii ni losheni ya permethrini ya asilimia 1. Hiyo ya asilimia 5 ni krimu ya upele wa mwili, na mara nyingi zote mbili zinakaa rafu moja, kwa hiyo soma namba. Mtoto aliye chini ya miezi miwili hapakwi. Mpeleke kwa daktari.

Fungua misuko yote kwanza, na nywele za kuongezea zitoke. Sisi wa pwani hatuachi mafuta ya nazi, na nywele zilizolowa mafuta hazipokei losheni vizuri, basi siku hiyo mafuta yaoshwe yatoke. Tumia shampuu ya kawaida isiyo na kondishena, wala usitumie ile iliyochanganywa zote mbili kwenye chupa moja. Kondishena huacha utando juu ya unywele, na dawa haishiki penye utando. Kama maji yenu ni ya kisima cha chumvi, shampuu haitatoa povu la maana na itabaki imegandamana na nywele. Hapo ndipo pa kutumia lile dumu la maji baridi ya kununua. Litumike kwa kuosha huku kumoja, badala ya kumwagwa kidogo kidogo wiki nzima.

Suuza, kisha kausha kwa taulo mpaka nywele ziwe na unyevu tu, zisidondoshe maji. Nywele zinazochuruzika maji huifanya dawa kuwa nyepesi, na nimeona chupa nzima ikipotea hivyo. Paka kuanzia kwenye ngozi, nyuma ya masikio na kisogoni kwanza kwa sababu ndiko wanakopenda kutagia, kisha uende mpaka ncha. Tazama saa. Ni dakika 10. Wapo wanaomfunga mtoto mfuko wa plastiki alale na dawa mpaka alfajiri wakidhani itaua zaidi. Haiongezi kitu ila kuikera ngozi. Wakati wa kuitoa, mwinamishe juu ya beseni, macho yamefunikwa kwa taulo, ili dawa isimtiririkie mwilini kama angekuwa anaoga.

Kisha acha. Siku mbili kichwa kisioshwe.

Hapa ndipo kazi nyingi huharibika. Mama anaona chawa waliokufa, anasikia kinyaa, anarudi na sabuni usiku huohuo, na kile kidogo cha dawa kilichobaki juu ya unywele kinakwenda na maji. Kilibaki kwa makusudi, kiwasubiri wanaoanguliwa. Kupaka maji kichwani kwa mkono wakati wa udhu si kuosha nywele, kwa hiyo msichana asiache kusali kwa ajili ya dawa. Permethrini haiui mayai yote, na yai huchukua wiki moja au zaidi kidogo kuanguliwa, ndiyo sababu dawa hurudiwa siku ya 9, kwa utaratibu uleule wa shampuu na taulo. Anayerudia kesho yake amepoteza pesa, na anayesahau kurudia ameacha watoto wa chawa wakue mpaka wao nao watage.

Ipo dawa nyingine, ya dimetikoni, ambayo haina sumu ya wadudu. Humfunika chawa ikamziba. Ile ya asilimia 4 masharti yake ni kinyume kabisa: hupakwa kwenye nywele kavu, hukaa saa 8 au usiku kucha, huoshwa asubuhi, na hurudiwa baada ya siku 7. Mtu aliyezoea ya kwanza akiitumia hii kwa mazoea, ataipaka kwenye nywele mbichi na kuitoa baada ya dakika 10, kisha aseme dawa za siku hizi ni bandia. Chupa ninazoonyeshwa, nyingi zina maelezo kwa Kiingereza kitupu, kwa herufi ambazo hata mimi huzisogeza karibu na dirisha. Mama wa watu atajuaje?

Asiye na uwezo wa dawa hajakosa njia. Kitana cha meno ya karibu, cha chuma ukikipata, na kondishena yoyote ya bei ndogo vinatosha kama mkono una subira. Hapa kondishena inafaa, maana hakuna dawa ya kuzuiwa. Osha nywele, zipake kondishena nyingi zikiwa mbichi, zichane kwa chanuo pana mpaka hakuna fundo, ndipo uzigawe mafungu membamba na kupitisha kitana kutoka kwenye ngozi mpaka ncha. Chawa aliyefunikwa na utelezi hatembei haraka. Kila ukipitisha, futa kitana kwenye kitambaa cheupe na utazame. Aliyekomaa ana ukubwa wa punje ya ufuta, rangi ya kijivu au kahawia, na utaona miguu yake ikitafuta cha kushika. Mayai hayafutiki hivyo. Yamegandishwa upande mmoja wa unywele kwa gundi ya chawa mwenyewe, na ukilisukuma yai kwa ukucha halidondoki kama mba. Inabidi ulivute mpaka mwisho wa unywele. Lililo mbali na ngozi, sentimita moja au zaidi, kwa kawaida ni ganda tupu, halihitaji dawa. Rudia siku ya 5, ya 9 na ya 13, kisha mkague tena siku ya 17. Nywele ndefu huchukua saa nzima kila mara, na mtoto atachoka. Mwekee katuni.

Kwa nywele za kipilipili, kitana hicho kinaweza kukatika au kumtoa mtoto machozi. Ongeza kondishena, fanya mafungu madogo zaidi, na usikivute kikavu hata mara moja. Sikatai kwamba kunyoa kunamaliza chawa. Mvulana wa nywele fupi akinyolewa hana alichopoteza. Lakini msichana aliyefuga nywele tangu utotoni, anayenyolewa kwa amri na kurudi darasani kila mtu akijua kwa nini, amepewa adhabu kwa ugonjwa ambao hata si ugonjwa: chawa wa kichwani hawaenezi maradhi. Wa mwilini, wanaokaa kwenye nguo, ndio wanaobeba homa ya tifasi, na hao ni habari nyingine. Chama cha Madaktari wa Watoto cha Marekani kinashauri mtoto asizuiwe masomo kwa sababu ya chawa wala mayai yake. Ningependa walimu wetu wa madrasa na wa shule za bweni wausikie ushauri huo.

Nyumbani kazi ni ndogo kuliko watu wanavyodhani. Chawa aliyeanguka kichwani hufa ndani ya siku moja au mbili kwa kukosa damu. Fua kwa maji ya moto foronya, taulo na mitandio iliyotumika siku mbili za karibuni, loweka vitana kwenye maji ya moto dakika 10, na wakague wote wanaolala chumba hicho siku hiyohiyo. Magodoro yasitupwe, na chumba kisipuliziwe dawa. Mwasho ukiendelea siku chache baada ya tiba, ni ngozi inapona; usiongeze dawa mpaka umemwona chawa hai kwa macho yako. Wakiwapo wanaotembea vilevile saa 12 baada ya kupaka sawasawa, huenda wameizoea dawa ile, na mfamasia atoe ya aina nyingine.

Mafuta ya nazi na misuko visubiri mpaka baada ya upakaji wa pili na ukaguzi ulio safi. Mimi huwarudisha hata mabibi harusi, na wengine hukasirika.

Ninachoomba kwa wenye maduka ya dawa ni karatasi moja ya Kiswahili ya kutolewa pamoja na chupa: osha kwanza au usioshe, nywele mbichi au kavu, dakika ngapi, usioshe kwa siku ngapi, rudia lini. Mistari mitano inatosha. Niko tayari kukaa na mfamasia yeyote wa hapa mjini tuiandike, yeye aseme ya dawa nami niseme ya nywele, na nakala nyingine ipelekwe kwa walimu wa madrasa kabla hawajaagiza mkasi.