Tawi la chuo kikuu bila maktaba ni darasa tu

Katika vyuo vikuu vingi vya mashariki mwa Kongo, mwanafunzi wa mwaka wa kwanza hujua bei ya silabusi kabla ya kujua mlango wa maktaba uko wapi. Anaweza kumaliza masomo kwa silabusi na fotokopi, akapewa diploma, bila kuazima kitabu hata kimoja. Halafu watu wanashangaa kwa nini kazi nyingi za mwisho wa masomo, zile TFC, zinafanana kama mapacha.

Lawama isimwangukie mwanafunzi peke yake. Nchini Kongo tawi la chuo kikuu hufunguliwa kwa karatasi yenye muhuri. Jengo linatafutwa, walimu wanakuja kutoka mbali kufundisha wiki mbili kisha wanarudi, na minervali inalipwa. Vitabu ndivyo vinavyosubiri. Vikifika, mara nyingi hufungiwa katika kabati la fakulte, na ufunguo unabaki na mtu mmoja ambaye leo yupo na kesho hayupo.

Hali hii ina historia. Mwaka 1971 serikali iliunganisha vyuo vikuu vitatu: Lovanium ya Kinshasa, iliyoanza mwaka 1954, chuo cha serikali cha Lubumbashi cha mwaka 1956, na kile cha Waprotestanti cha Kisangani cha mwaka 1963. Vikawa chuo kimoja, UNAZA. Fakulte ziligawanywa kwa miji: sheria na udaktari Kinshasa, fasihi Lubumbashi, saikolojia na ualimu Kisangani. Miaka 10 baadaye, mwaka 1981, UNAZA ilivunjwa, na kila mji ukataka tena kufundisha kila kitu. Fakulte inaweza kuzaliwa kwa sahihi ya waziri, lakini maktaba haizaliwi hivyo. Maktaba hujengwa kitabu kwa kitabu, miaka mingi.

Mashariki ilirithi mwendo huohuo. Chuo Kikuu Rasmi cha Bukavu, UOB, kilianza mwaka 1993 kama tawi la Chuo Kikuu cha Kisangani. Kati ya miji hiyo miwili kuna msitu, mito na barabara ambayo kila dereva anaijua kwa mateso yake. Nani angetarajia mwanafunzi wa Bukavu aende kusoma katika maktaba ya chuo mama?

Wapo wanaosema maktaba imepitwa na wakati kwa sababu kila mwanafunzi ana simu. Hoja hiyo ina nusu ya ukweli. Kupitia mpango wa Research4Life, vyuo vya nchi maskini, Kongo ikiwemo, vinaweza kusoma majarida mengi ya kisayansi bila malipo. Lakini chuo ndicho hujiandikisha na kupewa nywila. Bila mkutubi wa kufuatilia na kuwafundisha wanafunzi, mlango huo unabaki umefungwa ingawa hauna bei. Pia megabaiti hununuliwa, na umeme hukatika.

Zaidi ya hayo, kuna maarifa ambayo simu haiwezi kuyaleta kwa sababu hakuna aliyeyaweka humo. Ni zile TFC na memwari zilizoandikwa juu ya mashamba ya Masisi, mmomonyoko wa udongo Bukavu, samaki wa Ziwa Tanganyika au masoko ya Butembo. Mwanafunzi alitembea vijijini, akahesabu, akauliza wazee. Nakala chache zikabaki katika fakulte yake, zikila vumbi. Mwaka unaofuata mwingine anaanza upya kazi ileile.

Tena nakala iliyo mahali pamoja haina usalama. Januari 2002 lava ya Nyiragongo iliingia hadi katikati ya mji wa Goma. Mwanzoni mwa 2025 vita vilifika Goma, kisha Bukavu, na njia kati ya wanafunzi na miji mingine ya nchi zikazidi kuwa ngumu. Katika nchi kama hii, kitabu kilichonakiliwa na kuhifadhiwa katika miji miwili au mitatu kina nafasi ya kuwafikia wajukuu.

Kinachotakiwa hakihitaji jumba la kifahari. Kwanza, kila chuo kiwe na katalogi moja inayoonyesha vitabu vya maktaba kuu, vya fakulte na vya matawi yote. Programu ya Koha, inayotumika tangu mwaka 2000, haiuzwi. Pili, kadi moja ya mwanafunzi ikubaliwe katika maktaba zote za chuo chake, na vyuo vya mji mmoja vipatane kupokeana. Tatu, kila memwari inayotetewa iachwe pia katika nakala ya kompyuta, na nakala hiyo ihifadhiwe katika mji mwingine. Nne, rekta atangaze kila mwaka ni sehemu gani ya minervali imenunua vitabu. Wazazi wanaouza mbuzi ili kulipa wana haki ya kujua.

Valentin-Yves Mudimbe, aliyefariki Marekani Aprili 2025, alikabidhi maelfu ya vitabu vyake kwa Chuo Kikuu cha Lubumbashi, alikowahi kufundisha. Ni zawadi kubwa, lakini taifa haliwezi kungoja kila mji uwe na Mudimbe wake.

Tangu mwaka wa masomo 2021-2022 serikali inasukuma mfumo wa LMD, ambao unamtaka mwanafunzi afanye sehemu kubwa ya kazi mwenyewe, nje ya darasa. Wizara ingepaswa basi kuuliza swali moja kabla ya kusaini ufunguzi wa tawi jingine: akitoka darasani, mwanafunzi huyo atasoma wapi, na atasoma nini?