UKIONA VYAELEA, VIMEUNDWA

Wasomaji wapenzi, hebu muulizeni mwanafunzi yeyote anataka kuwa nani maishani. Atajibu upesi: daktari, wakili, rubani. Mtajieni kazi ya kupiga picha za filamu za matukio halisi, atacheka. "Aa, ile ya kushika kamera harusini!" Mimi naipinga dharau hiyo, na shahidi wangu ni Mkenya.

Mohamed Amin alizaliwa Nairobi mwaka wa 1943. Mnamo Oktoba 1984 alifika Korem, kaskazini mwa Ethiopia, pamoja na Michael Buerk, mtangazaji wa BBC. Hapo maelfu ya watu walikuwa wamelala nje katika baridi ya alfajiri, wakifa kwa njaa. Amin akainua kamera. Picha zake zilipoonyeshwa Uingereza tarehe 23 mwezi huo, kisha kote duniani, watu walishtuka. Misaada ikaanza kumiminika. Wanamuziki nao wakajitokeza, na tarehe 13 Julai 1985 tamasha la Live Aid likafanyika London na Philadelphia siku moja. Waimbaji wanakumbukwa sana. Je, aliyeinua kamera anakumbukwa na wangapi?

Wapo wasemao kwamba mwenye kamera hula jasho la mateso ya wenzake. Kwamba ukimwona mtoto ana njaa, mpe mkate, usimpige picha. Hoja hii ina uzito, wala siipuuzi. Lakini jamani, mkate wa Amin ungemfikia mtoto mmoja tu. Maonyo ya njaa ile yalikuwa yametolewa mapema, tena kwa maandishi, ila hayakuwatikisa walioshiba. Mtu husoma hesabu ya wafu akaendelea na chai yake. Akiuona uso wa mama aliyempakata mwanawe, kikombe humshinda. Sharti langu ni moja: apigaye picha apige kwa heshima, atuonyeshe binadamu, si mifupa.

Isitoshe, kazi yenyewe ni ya hatari. Mnamo Juni 1991 ghala la silaha lililipuka mjini Addis Ababa. Amin alipoteza mkono wa kushoto, na mwenzake John Mathai, aliyekuwa akinasa sauti, akapoteza uhai. Amin alirudi kazini na mkono wa bandia. Alifariki tarehe 23 Novemba 1996, ndege aliyoabiri ilipotekwa nyara na kuanguka baharini karibu na Komoro.

Wahenga hawakukosea: ukiona vyaelea, vimeundwa. Kwa hivyo, wenzangu, filamu ikiisha msikurupuke kwenda zenu. Yale majina madogo madogo yanayopita mwishoni, yasomeni. Nanyi walimu wetu, mnapotushauri kuhusu kazi za baadaye, itajeni na hii bila kicheko. Mnyonge mnyongeni, lakini haki yake mpeni.