Namba Kubwa Kwenye Bunduki Yako Inakudanganya

Nianze na ugomvi moja kwa moja. Ukiniambia bunduki yako ni kali kwa sababu imeandikwa dameji 900, mimi najua mambo mawili: wewe hujahesabu, na kuna mtu amekuuzia hiyo namba. Usikasirike, yakhe. Kaa hapa dakika tano, ukimaliza kusoma unitukane ukitaka.

Mimi ni wa Chundwa, kisiwa cha Pate. Ukitoka Lamu mjini unapanda boti mpaka Mtangawanda, halafu bado hujafika. Mtandao huku una siku zake. Kwa hivyo wakati nyinyi wa mjini mlikuwa mnapigana laivu kwenye simu, mimi nilikuwa na laptopu ya mitumba na Borderlands 2, gemu ya 2012 ambayo haihitaji intaneti ukishaiweka. Destiny 2 bila mtandao hata haifunguki. Borderlands 2 ilifunguka kila usiku wenye umeme, na ndiyo iliyonifundisha kuhesabu.

Kwa wale wasiojua: hizi ni gemu za risasi na nyara. Unaua adui, anaangusha bunduki, unaokota. Kila bunduki ina kadi yake: dameji, shabaha, kasi ya kufyatua, muda wa kujaza risasi, ukubwa wa magazini. Kampuni ya Gearbox ilipotoa Borderlands 3 mwaka 2019 ilijisifu kwamba ndani kuna bunduki zaidi ya bilioni moja. Bilioni! Maana yake kila dakika mbili unaulizwa swali moja: niitupe hii nibebe ile? Na watu karibu wote wanajibu kwa kutazama namba moja tu, ile ya juu kabisa, ile kubwa. Dameji.

Haya, hesabu. Chukua bunduki mbili za mfano.

Ya kwanza ni ya kudungua. Dameji 900. Inatoa risasi moja na nusu kwa sekunde, magazini ina risasi 3, kujaza ni sekunde 4.

Ya pili ni ya rashasha. Dameji 120. Risasi 8 kwa sekunde, magazini risasi 40, kujaza ni sekunde 2.

Ukiangalia kadi, 900 na 120, unacheka. Sasa usicheke. Ya kwanza inamaliza magazini kwa sekunde 2, halafu unasimama sekunde 4 kama mtu anayesubiri boti. Jumla sekunde 6, dameji 2,700. Gawanya: 450 kwa sekunde. Ya pili inamaliza magazini kwa sekunde 5, inajaza kwa 2. Jumla sekunde 7, dameji 4,800. Gawanya: karibu 686 kwa sekunde. Ile uliyotaka kuitupa inapiga zaidi ya ile nyingine kwa nusu nzima na ushee.

Hii si siri ya wachawi. Dameji mara magazini, gawanya kwa muda wa kumaliza magazini ukijumlisha muda wa kujaza. Basi. Kila mvuvi wa hapa kwetu anaijua bila kuandika. Hakuna nahodha anayehesabu samaki wa saa ile nzuri peke yake. Anahesabu na safari ya kwenda, na ya kurudi, na petroli, na siku aliyorudi patupu. Wewe kwenye gemu unahesabu saa nzuri tu, halafu unashangaa mbona bosi hafi.

Ngoja, sijamaliza, kwa sababu najua kuna mtu ashaanza kutupa bunduki zake za kudungua. Hesabu ya juu inachukulia kila risasi inampata adui. Wewe unapata ngapi? Sema ukweli. Mimi kwa mbali, na laptopu inayokwama, rashasha inapata nusu. 686 inakuwa 343. Ya kudungua napata tisa kati ya kumi, 450 inakuwa 405. Sasa ya kudungua imeshinda. Bunduki ni zilezile, kadi ni zilezile, ila umbali na mkono vimebadilika. Ndiyo maana mtu akikuambia "bunduki bora ni hii" bila kuuliza unacheza vipi, huyo anakuuzia kitu.

Tuje kwenye gemu za simu, maana najua wengi wenu mko huko. Kwenye PUBG una uhai 100, na fulana za kukinga risasi ni ngazi tatu: ya kwanza inapunguza asilimia 30, ya pili 40, ya tatu 55. Tuchukue bunduki mbili za mfano, moja inapiga 48, nyingine 42, ila ya 42 inafyatua haraka kidogo. Tupige kifuani tu, fulana ikiwa mpya. Watu watagombana usiku kucha kuhusu 48 na 42. Hebu hesabu risasi za kuua. Adui hana fulana: 48 inataka risasi tatu, 42 inataka tatu. Ana fulana ya pili: 48 inabaki 28.8, risasi nne. 42 inabaki 25.2, risasi nne. Zile 6 za ziada hazijakununulia kitu! Ya haraka ndiyo inayoua kwanza. Ila adui akivaa fulana ya tatu, 48 inataka risasi tano na 42 inataka sita. Adui hafi kwa asilimia. Anakufa kwa risasi nzima. Hesabu risasi nzima.

Halafu kuna huu ugonjwa wa asilimia. Mtu anaona "ongeza asilimia 50" hapa na "ongeza asilimia 50" pale, anadhani ni sawa popote. Sio. Zikijumlishwa pamoja, 100 inakuwa 200. Zikizidishana, 100 inakuwa 150 halafu 225. Kwenye Borderlands 2 bonasi nyingi za dameji ya bunduki zinajumlishwa kwenye kapu moja, ndiyo maana ukishajaza kapu lile kila bonasi mpya unaisikia kidogo kuliko ya nyuma. Lakini slagi, ule utope wa zambarau, unakaa nje ya kapu. Adui aliyepakwa slagi anakula dameji mara mbili, na kwenye ngazi ngumu kabisa mara tatu. Bunduki chakavu yenye slagi mbele yake inaishinda bunduki ya dhahabu ya mtu asiyejua kuzidisha.

The Division 2 nilicheza Mombasa kwa rafiki, enzi niko chuo. Kule nafasi ya pigo la kriti inaishia asilimia 60. Ukivaa vitu vya kukufikisha 75, zile 15 umezitupa baharini. Nimeona watu wamekesha siku tatu kutafuta glavu za kuwapandisha kutoka 60 kwenda 66. Siku tatu kwa sifuri.

Na mengine kadi haisemi kabisa. Bunduki za Tediore hujazi risasi, unairusha bunduki yenyewe na inalipuka. Za Jakobs zinafyatua kwa kasi ya kidole chako. Zile zenye maandishi mekundu zina nguvu ambayo hakuna namba inayoieleza. Dawa ni moja: jaribu mwenyewe. Piga adui yuleyule, rekodi kwa simu, hesabu sekunde. Usiamini kadi, na usimwamini mtu wa kontenti.

Pamoja na mimi. Hapo ndipo nilipotaka kufika.

Mwaka jana nilitoa klipu ya sekunde arobaini kuhusu bunduki fulani ya gemu fulani ya simu. Sitaitaja. Nilipata skini yake kwenye kreti, ile ya kung'aa, inatoa moshi ukifyatua. Nikapiga kelele: "Hii kitu ni balaa! Inamaliza watu!" Sikuhesabu chochote. Ilikuwa klipu yangu iliyotazamwa zaidi kuliko zote, na nilifurahi, wallahi nilifurahi.

Mwana wa ami yangu ana miaka kumi na sita. Alipewa shilingi 3,000 akanunue petroli ya injini ya mashua. Kwenye gemu ile kreti moja ilikuwa kama shilingi 50. Alifungua kreti sitini usiku mmoja. Hakuipata ile bunduki. Ami hakutoka baharini siku mbili, na bahari ilikuwa imetulia, na wenzake walitoka. Kijana alipoulizwa alisema, "Ile ya kaka inaua haraka." Ya kaka. Yangu.

Sasa nisikize vizuri. Bunduki ile yenye skini na ile tupu zina dameji sawasawa. Niliporudi nikarekodi zote mbili, nikahesabu risasi za kuua, nikapima sekunde za kujaza. Sawa kabisa. Moshi hauna dameji. Mimi niliyejifanya mtu wa hesabu nilimuuzia mtoto wa nyumbani kwetu moshi.

Na hesabu ya kreti ni ileile ya nyara, hakuna mpya. Tuseme nafasi ni moja kati ya mia. Watu wengi wanadhani ukifungua mia, umepata. Hapana. Kila kreti ina nafasi 99 kati ya 100 za kukunyima. Zidisha 0.99 kwa yenyewe mara mia: inabaki kama 0.37. Yaani watu mia wakifungua kreti mia mia, karibu 37 wataondoka mikono mitupu, na kila mmoja ametoa shilingi 5,000. Kwa kreti sitini za mwana wa ami, nafasi ya kukosa kabisa ni kama asilimia 55. Alikuwa na nafasi kubwa ya kulala bila kitu kuliko kupata. Na hata angepata, ni moshi. Uchina tangu Mei 2017 inazilazimisha kampuni za gemu kutangaza hizi nafasi. Ubelgiji mwaka 2018 tume yao ya kamari ilisema wazi kwamba kreti za kulipia ni kamari. Huku kwetu tunaziita "bahati".

Najua majibu yenu. La kwanza: "Gemu ni raha, mambo ya hesabu ni shule." Sawa. Raha ni nini? Kupiga bosi dakika ishirini ukiwa na bunduki mbovu unayoiamini? Mimi raha yangu ni kumwona mtu ana bunduki ya 120 anamwangusha mwenye 900 na hajui kimetokea nini. Na aliyetengeneza hiyo gemu amehesabu, usiwe na shaka. Amehesabu dameji, amehesabu kreti, amehesabu utachoka lini. Mezani mko wawili na mmoja tu ndiye aliyekuja na kalamu.

La pili, hili napenda sana: "Wewe uliacha chuo, utatufundisha nini?" Ndio, niliacha mwaka wa pili, karo ilinishinda. Na somo la takwimu nilikuwa nimelifeli. Waliniandikia ubaoni kuhusu sarafu na mipira ya rangi ndani ya mfuko, sikuelewa ni kwa faida ya nani. Laptopu ilipokuja kuniuliza nitupe bunduki gani, nikaelewa. Kwa hivyo usiniambie hesabu ni ya wenye digrii. Kama unaweza kukumbuka majina ya bunduki arobaini na viambatisho vyake, unaweza kugawanya kwa sita.

La tatu: "Ni pesa yangu." Kama ni yako kweli, fungua. Unapenda skini, nunua skini, ni nzuri, mimi pia naipenda. Ila nunua ukijua unanunua rangi. Na kama pesa ni ya petroli ya mtu, ni ya petroli ya mtu.

Ile klipu nimeifuta. Ndiyo, ile kubwa. Ami namlipa mia tano mia tano, nimefika 1,500. Klipu zangu kuanzia sasa zitakuwa na hesabu kwenye skrini, na mkiona nimekosea kugawanya nirekebisheni mbele ya watu, sitafuta mtu.

Wewe nakuachia kazi moja ndogo. Bunduki unayoipenda kuliko zote, leo usiku, ihesabu. Dameji mara magazini, gawanya kwa muda wote na kujaza ndani, halafu punguza risasi unazokosa, kwa ukweli. Ikibaki ya kwanza, nitakupa heko. Isipobaki, uliza nani alikuambia ni bora, na alipata nini ulipomwamini.