Mwangaza laini kwa sura zetu

Tulipomzika mwenzetu mwezi uliopita, tulitafuta picha ya kuweka juu ya sanduku. Tulipata moja tu, ile tuliyompiga sisi wenyewe saa sita mchana kwenye kiwanja cha mkutano. Kitambaa cha kichwa kinang'aa, lakini macho hayaonekani. Watoto wake waliuliza kama hakuna nyingine. Haikuwapo.

Kosa si la telefone, wala si la ngozi yetu nyeusi. Jua la saa sita linapiga kutoka juu, na mwangaza wake unakuja kwa upande mmoja. Paji la uso linang'aa, chini ya nyusi kunabaki giza. Wingu likifunika jua, mwangaza unasambaa na kutoka pande nyingi, na kivuli kikali kinalegea. Pazia jeupe jepesi dirishani linafanya kazi ile ile ya wingu.

Basi tufanye hivi. Mama aketi barazani, kivulini, akitazama nje kwenye mwangaza, au karibu na dirisha lenye pazia jeupe. Upande wa uso wenye giza, mtoto ashike shuka jeupe. Litarudisha mwangaza usoni. Usiku tuelekeze tochi kwenye ukuta mweupe, si machoni. Tusifunike taa yenye moto kwa kitambaa, kitaungua.

Jumapili hii, kila mmoja wetu ampige mama yake picha moja nzuri. Tusingoje sikukuu.