Betri ya Gari la Umma ni Amana

MAKERE ni kijiji kilicho kando ya barabara itokayo Kasulu kwenda Kibondo, katika nyanda za juu za Mkoa wa Kigoma. Mgonjwa wa huko anayepewa rufaa kwenda Kasulu hulitegemea gari, na gari huitegemea betri. Alfajiri ya baridi mafuta ya injini huwa mazito, na nguvu ya betri hupungua. Betri iliyochoka hujulikana saa hiyo, wakati mgonjwa amekwisha kulazwa garini.

Wasomaji wetu wa Visiwani huenda wakauliza: Makere inatuhusu nini? Inatuhusu sana. Huku kwetu joto huifupisha maisha betri, na hewa ya chumvi hula vichwa vyake. Mgonjwa wa Micheweni naye hawezi kungoja gari lisukumwe.

Ni jambo la kusikitisha kwamba mara nyingi betri ya gari la umma huchaguliwa kwa bei peke yake. Hati huonyesha kuwa fedha imeokolewa; baada ya miezi michache hununuliwa nyingine, na fedha ya wananchi hutoka mara mbili. Wahenga walikwisha kusema kwamba rahisi ni ghali.

Afisa anayeagiza betri hana budi kuzingatia mambo matatu. Kwanza, gari lenyewe lipimwe. Injini ikiwa inazunguka, chaji ya gari la volti 12 kwa kawaida iwe baina ya volti 13.8 na 14.4. Ikipungua sana, huenda ugonjwa uko kwenye alteneta, na betri mpya nayo itakufa.

Pili, kisomwe kitabu cha gari: volti, ampea kwa saa, nguvu ya kuwashia, ukubwa wa kasha na upande wa kichwa chanya. Injini ya dizeli hudai nguvu kubwa zaidi ya kuwashia, hivyo isipewe betri ya gari dogo la petroli. Lori la volti 24 lenye betri mbili libadilishiwe zote pamoja, za aina moja, kwani mbovu huidhoofisha nzima.

Tatu, itazamwe tarehe ya kutengenezwa. Betri ya volti 12 iliyojaa na kutulia huonyesha volti 12.6 hivi. Iliyokaa dukani muda mrefu bila kuchajiwa huzeeka kabla ya kuuzwa.

Betri chakavu nayo irudishwe kwa wenye kibali cha kuipokea. Mwaka 2020 mahakama ya Mombasa iliwapa wakazi wa Owino Uhuru fidia ya shilingi bilioni 1.3 za Kenya, kwa madhara ya risasi kutoka kiwanda cha kuyeyushia betri kuukuu. Hilo litutoshe kuwa funzo.

Tunatoa wito kwa viongozi wa idara zote: kabla ya kutia saini ununuzi, waitwe fundi na dereva, na vipimo viandikwe pamoja na bei. Gari la umma ni amana, na mwenye amana ni yule mgonjwa anayelisubiri.