Kocha Mpya na Vijana Aliowakuta

Mwaka 2022 timu ya Chuo Kikuu cha Colorado, Marekani, ilicheza mechi 12 za mpira wa Kimarekani, ule wa kukimbia na mpira mkononi, ikashinda moja tu. Desemba akaletwa kocha mpya, Deion Sanders, nyota wa zamani wa mchezo huo. Katika kikao cha kwanza, kabla hajawaona mazoezini, aliwaambia vijana aliowakuta kwamba anakuja na watu wake, hivyo wajiandae kutafuta vyuo vingine. Hadi msimu unaanza, zaidi ya 50 walikuwa wameondoka.

Septemba 2023 kikosi kipya kilishinda mechi tatu mfululizo, na sifa zikatanda nchi nzima. Oktoba, dhidi ya Stanford, kilikwenda mapumziko kikiongoza 29-0. Kikafungwa 46-43 katika muda wa nyongeza. Kikapoteza mechi sita za mwisho na kumaliza msimu kwa ushindi mara nne.

Nne si haba kwa waliokuwa na moja, na mwaka uliofuata walishinda tisa. Hatumnyimi kocha haki yake. Tunachouliza ni hali ya wale walioonyeshwa mlango. Timu hujengwa upya, naam, lakini kijana si tofali bovu la kutupwa. Apokeaye uongozi, uwe wa timu, wa chuo au wa kamati, hurithi watu kabla ya matokeo. Insafu ni kuwapima kwanza, ndipo aamue.