Kwanza uwe Waziri Mkuu

Na Mariamu Ndahani

Jumamosi nilikuwa saluni hapa Ipagala, nusu ya kichwa imeshasukwa, nusu nyingine imesimama kama mtama uliokosa mvua. Msusi akaishika simu kwa mkono mmoja, nywele zangu kwa mwingine, akaanza kuwasomea hadi wapita njia: waigizaji kumi wa kike waliofungua njia Afrika Mashariki. Wote wa Bongo Movie. Namba moja kazaliwa mimi nimeshaolewa.

Nikauliza: na Eseza Makumbi je?

Kimya. Shemeji yangu alikuwa mlangoni akijifanya anamsubiri mkewe. Akadakia kwamba anamfahamu vizuri, alikuwa akicheza netiboli.

Netiboli! Eseza ni Mganda. Mwaka 1946 alionekana kama Saburi katika Men of Two Worlds, filamu ya rangi ya Waingereza iliyoongozwa na Thorold Dickinson, na kisa chenyewe ni cha hapahapa Tanganyika. Kisenga, mpiga piano aliyekaa London miaka 15, anarudi kwao kusaidia vita dhidi ya malale. Mganga Magole anamkalia kooni. Sehemu kubwa ilipigwa studio za Denham, Uingereza, ambako mbung'o bila shaka hawaumi. Kuhusu mbung'o, wangewauliza wafugaji wa Kondoa. Majina makubwa yakawa ya Eric Portman na Phyllis Calvert, na la Eseza likafuata huko chini. Filamu hiyo moja ndiyo anayojulikana nayo, kwa wachache wanaomjua.

Nilipomaliza mhadhara, msusi akaniuliza kwa upole kabisa: "Sasa mama, huyo ana wafuasi wangapi?"

Saluni nzima ikaangua kicheko. Shemeji ndiye aliyecheka zaidi, na nina hakika hajaelewa. Ningeondoka, lakini kwa kichwa kile ningefika wapi? Nikakaa, nikalipa, na bado wananidai shukrani.

Msiniambie ni ujana. Wazee wenzangu ndio wabaya zaidi. Mtajie yeyote Muhogo Mchungu, filamu ya mwanzoni mwa miaka ya 1950, atakujibu papo hapo: Rashidi Kawawa! Hajaiona hata dakika moja, lakini mwigizaji anamjua. Anamjua kwa sababu mwaka 1962 Kawawa alikuwa Waziri Mkuu, basi filamu nayo ikapanda cheo pamoja naye. Eseza hakupata wizara, kwa hiyo hakuigiza.

Nchi hii haijawahi kuheshimu sanaa, inaheshimu kiti. Mabinti wa Ipagala mnaojirekodi kila jioni, poda mnapoteza bure. Chukueni fomu, mgombee. Uwaziri mkuu ndiyo tuzo pekee ya filamu tunayoitambua.